Upande wa Ukoko

Jumapili, tarehe 3 Machi

Mpendwa Shangazi,

Shikamoo. Natumaini barua hii inakukuta mzima wa afya, wewe na wapishi wenzako wote. Sisi huku hatujambo.

Pengine utajiuliza mwandiko huu ni wa nani. Ni mimi, mtoto wa mwisho wa mdogo wako, fundi seremala, yule uliyekuwa ukimwita Kitinda. Ulipoondoka nyumbani mara ya mwisho nilikuwa bado nakosea kufunga kamba za viatu. Sasa niko kidato cha pili. Anwani yako nimepewa na Mama. Hakuinua hata macho kwenye cherehani. Alisema tu, "Andika, lakini mimi simo."

Shangazi, nina shida ya jikoni. Dada amemaliza uuguzi na amepangiwa hospitali ya mbali sana. Kabla hajaondoka tutakula naye chakula cha mchana, tarehe 20 Aprili, sisi na majirani wachache. Mama ataoka kuku. Dada mwenyewe amekatazwa kugusa sufuria siku hiyo. Mimi nimepewa kazi ya kutafuta cha kumsindikiza kuku. Baba alisema, "Chemsha wali, mambo yaishe." Lakini mimi sitaki mambo yaishe. Nataka viazi vya Bibi, vile vya kuokwa kwa maziwa na jibini.

Sikuwahi kuvila nikiwa na akili ya kukumbuka. Navijua kwa sababu ya Baba. Mwaka jana mteja wake alitualika harusini, na mezani palikuwa na viazi vya kuokwa. Baba akachota kijiko kimoja, akaonja, akasema, "Vya Mama vilikuwa..." Nilisubiri amalizie njia nzima ya kurudi nyumbani. Hakumalizia.

Mama anasema sasa hivi duniani ni wewe peke yako unayejua jinsi vinavyopikwa. Tafadhali nifundishe. Nitafuata kila neno. Ukinijibu, tumia sanduku la posta la shule yetu, nimeliandika nyuma ya bahasha.

Nakutakia kazi njema.

Wako mtiifu,
Kitinda


Jumatano, tarehe 13 Machi

Kitinda wangu,

Marahaba, mwanangu. Marahaba mara nyingi. Barua yako nimeifungua mikono ikiwa na unga, na ukiona karatasi hii imeshika doa la siagi, ujue ndivyo zilivyo barua za wapishi.

Shida ni moja. Nimepikia chuo kwa muda mrefu mno, mkono wangu umeisahau familia. Mtu akisema chumvi, mimi nashika bakuli. Nimewauliza wenzangu hapa, "Hivi viazi vya watu kumi vinakuwa kiasi gani?" Walicheka mpaka mmoja akaangusha mwiko. "Bosi," wakaniambia, "watu kumi si wale wanaochelewa foleni? Hao wanakula makombo." Kwa hiyo vipimo nitakavyokupa usiviamini sana. Liamini jicho lako.

Menya viazi, kata slesi nyembamba, zote unene mmoja. Ukishakata usivioshe, ule utelezi wake ndio utakaoshika maziwa. Kaanga kitunguu kwenye siagi nusu kilo kwa moto mdogo mpaka kilainike, kisibadilike rangi. Nyunyiza unga wa ngano, koroga, kisha mimina maziwa ya moto kidogo kidogo na mkono usipumzike. Mchanganyiko uwe mzito kama uji wa mtoto anayeanza kula. Tia chumvi, pilipili manga, na kungumanga ya kukwaruza, kidogo tu. Chukua bakuli la oveni, panga viazi, mimina uji wako, nyunyiza jibini. Tena viazi, tena uji, tena jibini. Ile ya juu kabisa iwe nyingi kupita unavyodhani ni adabu. Kisha oka mpaka kisu kipite bila ubishi.

Jibini yenyewe Bibi yako aliipata kwenye kiwanda cha maziwa, alikokuwa akiosha madumu. Mwisho wa juma wafanyakazi waligawiwa ncha, vile vipande vigumu visivyofaa kwenda dukani. Alizileta kwenye kitambaa cha kichwa. Nyumba nzima ilijua amefika kabla hajabisha hodi.

Sasa nikuambie kuhusu oveni yetu. Ilikuwa kuukuu, bawaba ya mlango imekufa. Usipoushikilia, mlango unaachia. Viazi vile havikuiva bila mtu, na mtu huyo alikuwa mimi. Niliweka kigoda mbele ya oveni, nikakaa nimeupa mlango mgongo, mpaka viive. Baba yako alikuwa mdogo, anakaa sakafuni mbele yangu, nami namsimulia uongo wa kila namna ili asahau njaa. Kuna siku nilimwambia ndani ya oveni mna bwana mmoja anapaka jibini kwa brashi, na ukimchungulia anaacha kazi. Akaamini, akanisaidia kusukuma.

Hata hivyo mlango ulipumua. Ndiyo maana viazi vya Bibi yako havikuwa na rangi moja. Upande wa nyuma uliungua ukafanya ukoko, na upande wa mlangoni ulibaki laini, umepauka. Utamu wote ulikuwa kwenye ukoko. Baba yako aliukodolea macho kila siku, nami nikamwambia, "Chukua, mimi sipendi ukoko, unaniumiza meno." Tangu hapo akawa anaukata ukoko kwa ajili yake na upande laini kwa ajili yangu, ananiletea kwa mikono miwili kama anayetoa zawadi. Nami nashukuru.

Kitinda, nilikuwa naupenda ukoko kuliko kitu chochote kwenye nyumba ile. Usimwambie.

Na sasa unijibu jambo moja. Baba yako anajua kwamba unaniandikia?

Shangazi yako,
wa jiko la chuo


Jumapili, tarehe 24 Machi

Mpendwa Shangazi,

Shikamoo. Barua yako nimeisoma mpaka naijua kwa moyo. Rafiki yangu wa dawati moja ameuliza kama nimepata mchumba. Nimemwambia nimepata viazi.

Jana nilifanya jaribio. Siagi uliyonitajia nadhani ilikuwa bado ya chuo, maana viazi viliogelea, ikabidi nichote nyingine kwa kijiko. Lakini mengine yote yalikwenda kama ulivyosema. Uji ulikuwa mzito vizuri. Kisu kilipita bila ubishi. Oveni yetu ni mpya, Mama aliinunua kwa kushona sare za shule, na mlango wake unafungika kimya kabisa. Viazi vilitoka vya rangi ya dhahabu kila mahali, kama picha ya kwenye kalenda. Nilifurahi sana.

Baba alikula sahani nzima. Nilikuwa namwangalia, naye akajua naangaliwa. Akasema, "Vitamu." Halafu akakigeuza kipande cha mwisho kwa uma, akatazama chini yake, akatazama ubavuni. "Vimeiva pande zote," akasema. Alisema kama fundi anayelalamika kwamba ubao umenyooka mno.

Hakuuliza nilikojifunza.

Kuna jambo nataka kukuuliza, na kama ni utovu wa adabu unisamehe. Kwenye karakana ya Baba, chini ya benchi, kuna kigoda kidogo cha mbao nyeusi. Miguu yake mitatu ni ya zamani na mmoja ni mpya. Hakuna anayekikalia. Wiki iliyopita mteja mmoja alikipenda akataka kukinunua. Baba akamwambia, "Hicho hakiuzwi, kina mwenyewe." Mteja akasema, "Mwenyewe si angekuja kukichukua?" Baba akawasha randa ya umeme ili asisikie zaidi. Nilipokuwa nasoma barua yako, nilipofika kwenye kigoda, nilisimama nikaenda karakana kukitazama tena.

Shangazi, kwa nini huji nyumbani? Wakubwa hawasemi. Nikiuliza, Mama ananituma dukani.

Ningependa uwepo tarehe 20. Dada angefurahi. Anasema anakumbuka mgongo wako kuliko sura yako, kwa sababu ulimbeba sana.

Wako mtiifu,
Kitinda


Jumanne, tarehe 2 Aprili

Kitinda wangu,

Umejibu kila kitu isipokuwa nilichokuuliza. Mwalimu wako amekufundisha vizuri.

Wewe si mtoto tena, basi nitakuambia, na ukishasoma usiniulize tena. Bibi yako alipougua, baba yako alinipigia simu. Akasema, "Mama hajambo kidogo, dada. Usihangaike. Maliza kazi kwanza, kisha uje." Ilikuwa wiki ya mitihani, chuo kimejaa. Nikamaliza kazi. Nilipofika nyumbani watu walikuwa wametoka makaburini, wamekaa uani. Nikasimama langoni na mfuko wangu. Baba yako akaniona, akasema kwa sauti ya kusikika na wote, "Mgeni amefika. Mpeni kiti."

Wakanipa kiti. Kiti kizuri, cha kuazima, chenye mto. Nikakaa kama mgeni, nikanywa maji kama mgeni, na mgeni akishakunywa maji huaga. Sikurudi tena.

Nimewaza mengi tangu hapo. Kuna siku namlaumu yeye kwa ile simu. Kuna siku najilaumu mimi. Sauti yake ilitetemeka, niliisikia, nami nikachagua kuamini maneno badala ya sauti. Mpishi anayesikia sufuria ikilia akaendelea kumenya vitunguu, amlaumu nani?

Hicho kigoda nakijua. Mguu mpya sikuwa naujua.

Kuhusu viazi: ukitaka viwe vya Bibi yako, usikubali mlango ufunge. Bana mpini wa mwiko wa mbao mlangoni, oveni ipumue, na bakuli ulisukume nyuma kabisa. Mwanzo utaona unaharibu. Endelea kuharibu.

Na kuhusu tarehe 20, nisikilize vizuri. Kama baba yako amesema nije, nitakuja, nitaomba ruhusa hata kwa mkuu wa chuo mwenyewe. Kama hajasema, niache nilipo. Siwezi kupewa kile kiti mara mbili.

Shangazi yako


Jumanne, tarehe 9 Aprili

Mpendwa Shangazi,

Shikamoo. Naandika kwa haraka kabla kengele haijalia.

Njoo. Nafasi yako ipo. Tunakula saa saba mchana. Lango ni lilelile, ila sasa limepakwa rangi ya kijani.

Njoo tu, Shangazi.

Kitinda


Jumapili, tarehe 21 Aprili

Mpendwa Shangazi,

Shikamoo. Hukuja.

Nitakueleza ya jana kwa utaratibu, kwa sababu nikianza na ninayoyahisi sitaandika vizuri.

Nilibana mwiko mlangoni kama ulivyosema. Jiko lote likawa joto. Mama alikuja akapiga kelele, "We mtoto, unapasha moto mtaa mzima?" Nikamwambia ndivyo inavyotakiwa. Akanitazama, akatazama mwiko, akaondoka bila kuuliza ni nani aliyetaka. Baadaye harufu ikabadilika, nyuma kumeanza kuungua. Baba akaja kutoka karakana, ana vumbi la mbao mpaka kwenye nyusi. Akasimama mlangoni mwa jiko. Hakuingia. Alinusa tu, kisha akaenda kunawa, na alinawa muda mrefu.

Mezani kila mtu alimsifu kuku. Viazi vilikuwa pembeni, vibaya kwa kutazama, nusu vimeungua na nusu vimepauka. Jirani yetu mwenye duka akanitania, "Binti, oveni yako imekatiwa umeme nusu?" Watu wakacheka. Baba hakucheka. Alichukua kisu mwenyewe. Akalizungusha bakuli polepole mpaka upande laini ukamwelekea, akakata pembe moja, akaiweka kwenye sahani, akaifunika kwa sahani nyingine. Jirani akauliza, "Ya nani tena hiyo, fundi?"

Baba akajibu bila kuinua macho, "Ya dada. Yeye hali ukoko."

Mimi na Baba tukashtuka pamoja. Dada yangu akasema, "Baba, mimi ukoko nala." Baba akasema, "Sio wewe." Kisha akaitazama ile sahani kama vile kaiweka mtu mwingine, akaipeleka kwenye rafu.

Mimi nilikuwa nimeweka begi langu la shule kwenye kiti kilicho karibu na dirisha, ili mtu asikikalie. Kila lango lilipolia nilisimama. Wageni walipoanza kula matunda nilikimbia mpaka kituo cha basi, na nguo nzuri, na viatu vya kuazima. Hukuwepo.

Leo alfajiri dada ameondoka. Sahani bado ipo kwenye rafu, imefunikwa. Hakuna anayethubutu kuiosha.

Shangazi, sikukwambia kweli. Baba hakusema uje. Hakujua hata kwamba nakuandikia. Nilidhani akionja atakumbuka, na akikumbuka nawe umeshafika mlangoni, mambo yatajipanga yenyewe. Niliandika "nafasi yako ipo" kwa sababu begi lilikuwa langu na kiti nilikishika mimi. Pengine ulilijua hilo ndiyo maana hukuja. Kama ndivyo, ulifanya haki.

Kitinda


Jumatatu, tarehe 29 Aprili

Kitinda,

Nilikuja.

Nilifika kabla ya saa saba. Nilikuwa nimevaa gauni jipya la bluu, na mkononi nina jibini nzima, ya duara, waliyonipa wenzangu jikoni wakisema bosi asiende kwao mikono mitupu. Lango la kijani nililiona. Nilisimama kando, nyuma ya ua, nijifute jasho kwanza nisiingie kama mtu aliyekimbizwa. Nikaisikia sauti ya baba yako. Imekuwa nzito, imefanana na ya babu yako. Nikatabasamu peke yangu pale nje.

Kisha nikamsikia akisema, "Viti vinatosha, bwana! Hatumngojei mtu mwingine."

Mwanangu, miguu yangu haikuniuliza. Ilishageuka. Nilikuwa kituoni kabla moyo haujanifikia. Basi lilikawia; lazima tulipishana kidogo tu, wewe na viatu vyako vya kuazima. Jibini nilimpa mama mmoja tuliyekaa naye kwenye basi. Alinishukuru sana, akaniuliza inapikwaje. Sikuweza kumwelekeza.

Wiki nzima nimekuwa nikijua kwamba baba yako aliniita kisha akanifungia. Leo barua yako imefika, najua hakuniita wala hakunifungia. Sijui lipi ni afadhali. Na ile sahani uliyoniandikia nimeisoma, nikaenda stoo ya vyakula nikajifungia, wenzangu wakadhani nahesabu magunia.

Dada yako nilitaka kumwona. Nilimbeba mgongoni akiwa na homa, tukizunguka uani mpaka apate usingizi. Ameondoka mtu mzima, muuguzi, na mimi nilikuwa hatua chache kutoka alipokaa. Hilo halirudishwi na barua.

Wewe usijilaumu sana. Jilaumu kidogo, inatosha. Ila usiniandikie kwa muda. Nikiona bahasha yako natumaini, na kutumaini kunanichosha kuliko masufuria.

Oka viazi. Vya kwako vitakuwa vizuri.

Shangazi yako


Jumapili, tarehe 5 Mei

Dada,

Shikamoo.

Mtoto amenisomea barua zako zote. Nilikuwa napiga msasa, akaja akasimama mbele yangu akasema, "Baba, zima mashine." Nikazima. Akasoma mpaka mwisho. Nyingine alishindwa kuzisoma kwa sauti, akanipa nizisome mwenyewe.

Mimi si mwandishi. Nitaandika kama ninavyopima.

Ile siku jirani mwenye duka alikuwa ananipitishia benchi lake juu ya ua, benchi lenyewe bovu, anataka nilitengeneze bure. Ndiyo nikamwambia viti vinatosha, hatumngojei mtu mwingine. Dada, ningejua uko nyuma ya ua ule ningeubomoa. Niliujenga mwenyewe, najua mahali ulipo dhaifu.

Ile simu ya zamani. Mimi ndiye niliyekuambia umalize kazi kwanza. Niliogopa nikikuambia kweli itakuwa kweli. Siku ile uani nilipofungua mdomo, nilikuwa najua ni mimi niliyekuchelewesha. Nililijua hilo huku nasema lile neno. Ungekuja ukanipiga kofi mbele ya watu ingekuwa nafuu. Ukanywa maji, ukasema asanteni, ukaondoka. Natengeneza viti kila siku, na kila mteja akija kuulizia kiti cha mgeni, chenye mto, namwelekeza kwa fundi mwingine.

Kigoda chako nilikibadilisha mguu mwaka ule ule. Nilidhani utakirudia.

Sahani tuliiosha. Nilikula nilichokuwa nimekuwekea, baridi, siku ya tatu. Kilikuwa kimeanza kuchacha. Nilikula hivyo hivyo.

Sasa nikuambie nilichofanya jana, kabla mama watoto hajakuambia kwa namna yake. Nilichukua bisibisi nikailegeza bawaba ya oveni mpya. Mlango haufungi tena. Mwenye oveni amenuna, anasema ameolewa na mtu mzima anayebomoa vitu vizima. Mtoto ameniuliza kama nitaurekebisha. Nimemwambia sina mpango huo. Mwiko hauwezi kazi ile, unateleza. Inahitaji mtu wa kuukalia.

Kigoda nimekitoa karakana. Kipo mbele ya oveni. Mtu yeyote akitaka kupita jikoni anakiruka.

Mdogo wako,
fundi

Shangazi, naongeza mimi chini hapa, Baba ameniruhusu. Samahani nimeandika ulivyonikataza. Mama anasema, "Na mimi nimo sasa," ila anataka ujue oveni ilikuwa nzima. Barua zako nilizisoma zote, isipokuwa mstari mmoja wa barua ya kwanza, ule wa ukoko. Ulisema nisimwambie. Niliuruka, na kwenye zile nilizompa azisome mwenyewe barua hiyo haikuwemo.
Kitinda


Jumatatu, tarehe 13 Mei

Mdogo wangu,

Marahaba.

Barua yako niliisoma nimesimama, kisha nikaisoma nimekaa. Imeandikwa kwa penseli ya seremala. Ungesema mapema hukuwa na kalamu, tungepatana zamani.

Sitakujibu yote. Mengine tuyaache yapoe. Mama hatatufungulia mlango, na binti yako mkubwa nitamwona akipata likizo, Mungu akipenda, naye atanikuta nimezeeka kidogo zaidi ya ambavyo ningekuwa. Hayo mimi na wewe tutayabeba, kila mtu upande wake.

Nimeomba ruhusa. Wenzangu wameshaanza kugombania mwiko wangu. Nitafika Jumamosi ya tarehe 25, kwa basi la asubuhi. Usije kunipokea kituoni, na majirani usiwaambie kwamba kuna mtu anakuja. Nitaingia jikoni moja kwa moja. Mwambie mama watoto nakuja na bawaba mpya, tutaifunga tukishakula.

Mwambie Kitinda amenye viazi vingi. Vipimo nitaviharibu mwenyewe.

Na kuna jambo nililopaswa kukuambia ungali unakaa sakafuni ukimsubiri bwana mwenye brashi. Meno yangu hayajawahi kuuma. Safari hii, ukishika kisu, nikatie upande wa nyuma.

Dada yako